Vigae vya Kale na Amri ya Nane

Somo kwa Wakristo wote na kwa walimu wa sharika. Soma kwanza: Yeremia 18:1–6, Yeremia 32:9–15, 2 Wakorintho 4:7.



Wengi wetu tumekanyaga vigae maisha yetu yote, wala hatukuinama kuvitazama. Mwanamke alimapo shamba lake jembe hugonga kigae. Hukitupa kando, akaendelea na kazi. Mvua kubwa ikikata ukingo wa kijito, vigae hutokeza kama meno. Nani aulizaye ni vya nani? Walakini mwaka uliopita hapa Chitete vigae vilitulazimisha kuuliza, maana nusura tutende kwa ajili yake dhambi kubwa. Kwa hiyo nimeona yafaa kuandika somo hili, ili sharika nyingine zipate kujua kabla ya kujaribiwa.

1. Jambo lililotupata

Wakati wa kiangazi vijana walikuwa wakichimba shimo la choo karibu na nyumba ya mwinjilisti. Walipofika kina cha kifua cha mtu, waliona vyungu vitatu vimelala kifudifudi, na kando yake majivu, makaa na vigae vingi. Viwili walikwisha kuvivunja kwa sururu kabla hawajatambua. Karibu na kiwanja hicho akaa mjane mmoja, mzee sana, ambaye zamani za ujana wake alikuwa mfinyanzi. Tena miezi michache kabla ya hapo mke wa mwinjilisti alikuwa amefiwa na mtoto mchanga. Basi watu wakayaunganisha mambo hayo matatu: chungu, mfinyanzi na kaburi. Kabla jua halijatua neno lilikuwa limekwisha kuzunguka kijiji kizima, ya kwamba bibi yule alivizika vyungu ili kuufunga uzazi wa nyumba ile.

Usiku wazee wanne walikuja kwangu, wakasema, “Baba Mchungaji, twakuomba uje asubuhi pamoja na Neno la Mungu, uvivunje vyote, kisha bibi huyu aambiwe ahame.”

Sikuwashangaa wazee hao, kwa kuwa mimi mwenyewe nimewahi kutenda walivyotaka. Nilipokuwa mchungaji kijana katika usharika mwingine, niliitwa kwa mzee mmoja ambaye chini ya uchaga wake kilionekana chungu cha kale, na ndani yake ng’ombe mdogo wa udongo. Sikuuliza neno. Niliomba, nikavivunja mbele ya watu, nao wakaimba kwa furaha. Mzee yule hakusema kitu. Mwezi uleule akahamia kwa wanawe mbali, akafa huko. Baada ya miaka kadhaa nilimwona mwanangu mwenyewe ameketi ukingoni mwa kijito, akifinyanga ng’ombe wa udongo, sawa na yule niliyemvunja, pembe kwa pembe. Nikatambua ya kuwa labda nilivunja mchezo wa mtoto, na kumwondolea mzee heshima yake kwa kitu ambacho sikukijua. Sikupata nafasi ya kumwomba radhi.

2. Vyombo vya udongo katika Maandiko

Biblia haidharau kazi ya mfinyanzi. Nabii Yeremia aliagizwa ashuke mpaka nyumbani mwa mfinyanzi, apate kufundishwa huko jinsi Mungu awezavyo kukifanya upya chombo kilichoharibika. Katika sura ya 32, alipokwisha kununua shamba kule Anathothi, aliagiza hati zake ziwekwe katika chombo cha udongo zipate kudumu siku nyingi. Naye Mtume Paulo atwambia ya kuwa hazina ya Injili imewekwa ndani yetu kama ndani ya vyombo vya udongo.

Agizo lile la Yeremia halikuwa neno la bure. Katika mwaka wa 1947 wachungaji wa mifugo karibu na Bahari ya Chumvi waliingia pangoni wakaona mitungi ya udongo, na ndani yake magombo ya kale, mojawapo likiwa kitabu cha nabii Isaya. Magombo hayo yalikuwa yamekaa yapata miaka 2000. Sanduku la mti lingaliliwa na mchwa, na chombo cha chuma kingalikuwa kutu. Udongo uliochomwa moto ulitunza.

Hii ndiyo tabia ya chombo cha udongo, nayo ndiyo sababu wenye elimu ya mambo ya kale wakipenda: chavunjika upesi, lakini vigae vyake havifi. Chuma huliwa, nguo huoza, nyumba ya miti huanguka ikawa mavumbi, kigae husalia. Tena hapana mtu aibaye kigae, maana hakina bei. Hubaki pale pale kilipoangukia, kikishuhudia.

3. Jinsi wenye elimu wasomavyo vigae

Mwaka wa 1890 Mwingereza Flinders Petrie alichimba kilima cha Tell el-Hesy katika nchi ya Palestina. Kilima kile kilikuwa mji uliojengwa juu ya magofu ya mji mwingine, mara nyingi. Petrie aliona ya kuwa vigae vya tabaka la chini si sawa na vya tabaka la juu: midomo ya vyungu hubadilika, vishikio hubadilika, na mapambo pia. Basi ajuaye mfuatano wa vyombo aweza kujua mfuatano wa miaka, kama vile sisi tumtambuavyo mtu kwa mshono wa kanzu yake kuwa ni wa siku za babu au wa siku zetu.

Kwa hiyo mchimbaji mwenye elimu hutazama mambo matatu. La kwanza ni mahali: kitu kimelala tabaka gani, na juu yake pana nini. Tabaka la juu likiwa halikukatwa, kilicho chini yake ni cha zamani kuliko tabaka lenyewe. La pili ni mkono: udongo umechanganywa na nini, chombo kimefinyangwa namna gani, mistari imechorwa kwa chombo gani. La tatu ni vilivyo pamoja nacho: mifupa, mbegu, makaa. Katika mwaka wa 1949 Mmarekani Willard Libby na wenzake walionyesha njia ya kupima umri wa makaa. Kila kilichokuwa na uhai kina ndani yake kaboni ya namna fulani ambayo, baada ya kufa kwake, hupungua polepole kwa kipimo kijulikanacho. Hivyo makaa ya jiko la kale huweza kusema, “Mti wangu ulikatwa miaka kadha wa kadha iliyopita.”

4. Vigae vya Wayunani

Watu waliosomwa sana kwa vyombo vyao ni Wayunani wa kale. Katika mji wa Athene palikuwa na mtaa mzima wa wafinyanzi, ulioitwa Kerameikos. Wafinyanzi wale walipamba mitungi kwa picha nyeusi na nyekundu za vita, arusi, mazishi na michezo. Mwingereza John Beazley, aliyefariki mwaka wa 1970, alitumia maisha yake kuutambua mkono wa kila mchoraji, hata wa wale ambao hawakuandika majina yao, kwa jinsi walivyochora sikio, kifundo cha mguu au mkunjo wa nguo. Mtu aweza kulificha jina lake, lakini mkono wake hauwezi kufichika.

Sikilizeni sasa jambo litupasalo sana. Waathene walikuwa na desturi ya kumfukuza mtu mjini kwa muda wa miaka kumi bila kesi. Kila mwananchi alikwaruza jina la amtakaye afukuzwe juu ya kigae, akakitia mahali pa kuhesabiwa. Mmoja aliyefukuzwa hivi ni Themistokles, yule aliyewaongoza kuwashinda Waajemi baharini pale Salami, mwaka wa 480 kabla ya Kristo. Katika mwaka wa 1937 Oscar Broneer alichimba kisima cha kale kando ya ngome ya Athene, akaona ndani yake vigae yapata 190, vyote vyenye jina la Themistokles. Vilipochunguzwa, ilionekana ya kuwa viliandikwa na mikono 14 tu! Maana yake ni wazi. Watu wachache walikaa wakaandika vigae vingi, ili wagawiwe wengine wasioandika wenyewe. Shauri la watu kumi na wanne lilitaka kuonekana kama sauti ya mji mzima.

Ndugu zangu, hata leo mambo huwa hivyo. Husemwa, “Kijiji kizima chamjua kuwa ni mchawi.” Lakini ukihesabu mikono, utaona labda ni mitatu.

5. Vigae vya nchi yetu

Mtu asidhani ya kuwa elimu hii ni ya Wayunani na Wayahudi tu. Katika wilaya yetu hii ya Momba, kuelekea Ziwa Rukwa, iko Ivuna, penye chemchemi za chumvi. Brian Fagan na John Yellen walichimba pale, wakatoa habari zake katika mwaka wa 1968. Waliona malundo ya vigae vya wapika chumvi, wakajua ya kuwa kazi ile ilifanyika huko tangu yapata karne ya 13. Njia ya kupika chumvi kwa vyungu wazee wetu waijua: udongo wa chumvi hutiwa katika chombo chenye matundu, hutiwa maji juu yake, maji ya chumvi hudondokea chombo cha chini, kisha huchemshwa hata yakauke. Kazi hiyo huvunja vyungu vingi sana, ndiyo sababu malundo ni makubwa. Basi kabla Martin Luther hajazaliwa, katika nchi hii wanawake na wanaume walikuwa wakichota, wakichemsha na kubadilishana chumvi. Kule Uvinza, upande wa Kigoma, vigae vimeonyesha ya kuwa kazi kama hiyo ilianza mapema zaidi, yapata karne ya 5 au ya 6.

Kadhalika kwenye maporomoko ya Kalambo, mpakani mwa Tanzania na Zambia, J. Desmond Clark alianza kuchunguza mwaka wa 1953, akaona vyombo vya wakulima wa kale. Na huko Nyanza, katika Kenya, askidikoni mmoja wa Kianglikana, Walter Edwin Owen, aliviokota na kuvitunza vigae vya namna ya peke yake, vyenye kibonyeo kidogo chini ya kitako, kama mtu aliyebonyeza kwa kidole. Owen alifariki mwaka wa 1945; habari za vyombo hivyo zilipigwa chapa mwaka wa 1948, kwa jina lake pamoja na Mary Leakey na Louis Leakey. Leo vyaitwa vyombo vya Urewe. Katika nchi ya Buhaya vimeonekana pamoja na mabaki ya tanuu za kufua chuma, na vingine vina miaka zaidi ya 2000. Tazameni, mtumishi wa kanisa hakuona kuwa ni dhambi kuinama na kuokota kigae.

6. Sanamu za udongo

Hapa mtu ataniuliza, “Na sanamu je? Si Mungu amezikataza?” Naam, amekataza kuziabudu, wala mimi sibadili neno lake. Lakini yatupasa kujua kwanza kitu chenyewe ni nini.

Sanamu za udongo si za kazi moja. Katika nyumba za Yerusalemu na Yuda ya kale zimeonekana sanamu ndogo nyingi za wanawake, na farasi wenye wapandao, za siku zile manabii walipokuwa wakihubiri. Hata leo wenye elimu wabishana juu ya kazi yake. Kule Korintho, katika hekalu la Asklepio, mungu wao wa uganga, Wamarekani walifukua mikono, miguu, masikio na macho ya udongo. Vitu hivyo vilikuwa vimezikwa siku nyingi kabla Paulo hajafika mji ule, kwa hiyo tusiseme ya kuwa aliviona. Lakini kila mguu ule ulikuwa ombi la mgonjwa mmoja. Walimwomba asiyeweza kusikia. Nasi tumjuaye asikiaye tungepaswa kuwahurumia, si kuwacheka.

Katika Uganda, mwaka wa 1929, wafungwa waliokuwa wakichimba pale Luzira, karibu na Kampala, walifukua kichwa cha mtu kilichofinyangwa kwa udongo, chenye mapambo mengi. Sasa kiko London, katika jumba la makumbusho la Uingereza. Kwa miaka mingi hapana aliyeweza kusema ni cha zamani zipi, kwa sababu kilitolewa na wafungwa, si na wachunguzi. Ni mwaka wa 2008 tu ambapo Andrew Reid na Ceri Ashley, kwa kuvitazama vigae vilivyotoka pamoja nacho, waliandika ya kuwa ni cha miaka 1000 hivi iliyopita. Vigae visivyo na uzuri ndivyo vilivyokitolea ushuhuda kile kichwa kizuri.

Katika nchi yetu Hans Cory, aliyekuwa mtumishi wa serikali ya Tanganyika, alitoa kitabu mwaka wa 1956 juu ya sanamu za udongo zilizotumika katika kuwafundisha vijana walipoingizwa utu uzima. Kila sanamu ilikuwa na wimbo wake na fundisho lake. Sisemi ya kuwa mafundisho yote yalikuwa mema. Nasema tu ya kuwa sanamu hizo zilikuwa kitabu cha watu wasio na kitabu. Na ng’ombe wa mtoto ni ng’ombe wa mtoto.

7. Mwisho wa jambo letu

Asubuhi ile nilikwenda shimoni pamoja na wazee, lakini sikuvunja kitu. Niliwaomba washuke nami watazame. Juu ya vyungu palikuwa na tabaka la udongo mgumu, halikukatwa mahali popote ila na sururu za vijana wetu. Mzizi wa mkwaju mkubwa ulikuwa umepita juu ya chungu cha tatu, ukakikumbatia, na vijizizi vyake vimeingia ndani kwa kuufuata ufa. Nikauliza, “Mkwaju huu ulikuwapo mlipozaliwa?” Mzee aliye mkubwa kuliko wote akajibu, “Nilipokuwa mtoto tulicheza chini yake, nao ulikuwa mkubwa hivi hivi.” Nikasema, “Basi mtu apitishaje chungu chini ya mzizi bila kuukata?” Wakanyamaza.

Kisha nikaenda kwa bibi yule, nikiwa na kigae kimoja mkononi. Alikishika muda mrefu, akikizungusha na kuupapasa mdomo wake kwa kidole gumba. Akasema, “Baba Mchungaji, huyu alijua kazi. Lakini si mkono wangu. Mimi mdomo naukunja nje, huyu ameuacha wima. Na mistari hii hatukuichora sisi, wala mama yangu hakuichora.” Halafu akauliza, “Ndicho walichotaka kunifukuzia?”

Tulimwarifu afisa utamaduni wa wilaya, tukalifunika shimo, tukachimba choo mahali pengine. Mwinjilisti na mkewe walikwenda kumsalimu bibi, wakala pamoja naye. Sitawaficha: wako watu ambao hata leo hawapiti mlangoni pake. Neno likitoka kinywani halirudi, kama vile chungu kilichovunjika hakirudi kuwa kizima. Lakini yeye huja kanisani kila Jumapili, na mzee mmoja kati ya wale wanne humshika mkono pale penye ngazi.

8. Yatupasayo kutenda

Dk. Martin Luther, katika Katekisimo Ndogo, aifafanuapo Amri ya Nane, haishii katika kukataza uongo. Atutaka pia tumtetee jirani, na kuyachukua mambo yake kwa upande ulio mwema. Basi mtu akifukua chungu, na ayafanye haya:

Kwanza, asivunje wala asikichukue. Akiache mahali pake, maana kikiondolewa kimenyang’anywa nusu ya ushuhuda wake.

Pili, aiarifu serikali ya kijiji, nayo ipeleke habari wilayani. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 hulinda vitu vilivyofanywa na mikono ya watu kabla ya mwaka 1863.

Tatu, asikiuze. Kule Tanagra, katika Uyunani, tangu mwaka wa 1870 hivi wanavijiji walifukua makaburi kwa maelfu ili kuuza sanamu nzuri za udongo. Wanunuzi walipozidi, wadanganyifu wakatengeneza za uongo, hata ikawa shida kuzitambua za kweli. Nchi ikapoteza habari za baba zake kwa fedha kidogo.

Nne, na hili ndilo kubwa, asilitaje jina la mtu. Makaburi ya watoto yana uchungu wake, na uchungu hutafuta wa kulaumiwa. Tuulete uchungu huo kwa Bwana, tusiuweke juu ya kichwa cha mjane.

Maswali ya kujifunza

1. Kwa nini Yeremia aliagiza hati ziwekwe katika chombo cha udongo?
2. Mchimbaji mwenye elimu hutazama mambo gani matatu? Yalitusaidiaje hapa Chitete?
3. Vigae 190 vya Athene vyatufundisha nini juu ya uvumi?
4. Je, katika usharika wako yuko mtu anayetengwa kwa neno lisilochunguzwa? Nani atakwenda kumsalimu juma hili?

Bwana atujalie macho ya kuona na ulimi wa kungoja. Amina.